Mwizi wa Mtoto Katika Wodi ya Wazazi

Jamani, hii nimeikuta kwenye kikundi cha kina mama wa kliniki, nikaisoma mara mbili mtoto akiwa begani, nikaona siwezi kukaa nayo peke yangu. Ni hadithi tu. Isomeni mpaka mwisho, na kama una mjamzito karibu yako msomee kwa sauti, usiogope njiani, inaisha vizuri.

Hapo zamani, ila siyo zamani sana maana runinga zilikuwa zimeshafika, kulikuwa na mwigizaji mmoja nchini Brazili, jina lake Valdemiro Batinga.

Alianzia kwenye hema. Kule kwao kulikuwa na vikundi vya maigizo vinavyozunguka mji hadi mji na hema lao kama la sarakasi, na kikundi chake kilikuwa na watu wachache mno, kwa hiyo mtu huyo huyo anacheza mwizi, anakimbilia nyuma ya pazia, anabadili kofia, anarudi akiwa polisi anayemtafuta mwizi. Siku moja Valdemiro alisahau kubadili kofia. Akaingia kumkamata mwizi na mwizi mwenyewe ni yeye, basi akajishika ukosi wa shati, akajiburuta mpaka nje. Watu walicheka mpaka wakadai arudie.

Huko ndiko alikojifunzia kuwa kila mtu. Alipohamia mjini akaingia kwenye filamu, kisha kwenye tamthilia za runinga, na waongozaji walimpa chochote. Alicheza padri, bibi mmoja akamfuata sokoni akitaka kuungama. Alicheza mlevi, mwenye baa akakataa kumuuzia hata soda. Alicheza ajuza, naam, ajuza kabisa mwenye mkongojo, na shemeji yake mwenyewe akampisha kiti kwenye basi bila kumjua.

Wenzake walikuwa wanachagua. Mmoja anataka awe daktari, mwingine anataka awe tajiri mwenye huruma. Yeye alikuwa anasema tu, "Nipeni aliyebaki."

Sasa sikilizeni jambo la kule. Tamthilia za kule zinaandikwa huku zinaonyeshwa. Mwandishi mwenyewe hajui mwisho, anasikiliza watu wanasema nini kwenye foleni ya mkate, wakikupenda anakuongezea siku, wakikuchukia unaweza kuamka asubuhi ukakuta umeandikiwa kuanguka kwenye ngazi. Kwa hiyo watu wanatazama kama wenye mali, kila mmoja ana neno lake. Na wakishamchukia mtu wa kwenye tamthilia, wanamchukia na huyu mwenye sura yake, hawatenganishi.

Mwaka mmoja aliyebaki akawa Baltazar. Hakuna aliyemtaka. Baltazar alikuwa mwenye mashamba, kofia nyeupe, koti jeupe, sauti ya upole, na kwa upole huo huo anaingia kwenye nyumba ya mjane kijana, anamchukua mtoto wake mchanga kutoka kitandani, anaondoka naye ili apate ardhi ya marehemu, maana mtoto ndiye mrithi. Hapigi kelele wala hapigi mtu. Anamchukua tu, na yule mjane amebaki na shuka mkononi.

Jioni kipande hicho kilipoonyeshwa nchi nzima ililia.

Asubuhi yake muuza mkate akamwambia Valdemiro, "Mkate upo, ila wewe huupati."

Dereva wa teksi akasimamisha gari katikati ya daraja. "Shuka. Mimi nina watoto."

Sokoni ndiyo usiseme, mama mmoja alimrushia bamia, siyo moja, fungu zima.

Alirudi nyumbani na bamia kwenye nywele, anacheka peke yake.

"Nimepigwa na bamia, mwanangu. Ujue nimeiweza kazi."

Binti yake Iraneide alikuwa amekaa na tumbo lake kubwa, miezi imetimia. Akamtazama. "Baba, wewe huna akili. Ungekuwa nazo ungeziokota tukapika."

Iraneide ndiye mtoto wake wa pekee. Mama yake alifariki siku ile ile aliyomzaa, na Valdemiro akamlea mwenyewe kule kule kwenye hema, anamwogesha, anamlaza, anakwenda kuigiza, anarudi kumbadilisha nepi. Mume wa Iraneide alikuwa baharia, meli yake iko mbali, haiwezi kugeuzwa kwa sababu ya mtoto mmoja. Kwa hiyo alikuwa na baba yake tu.

Mchana kutwa alikuwa anatania. Ila jua likianza kushuka anamshika baba yake mkono.

"Baba, na mimi je? Kama mama?"

"Hapana."

"Umejuaje?"

"Sijui, mwanangu. Lakini nitakuwa mlangoni. Utaingia unaniona, utatoka unaniona."

Hilo ndilo alilolishika. Ukiwa na hofu ile hushiki maneno mengi, unashika moja tu, unalala nalo, unaamka nalo.

Basi uchungu ukamjia asubuhi, baba yuko kazini kashavaa mavazi ya Baltazar. Jirani yao, Bibi Odete, akamkimbiza hospitali. Madaktari wakampima wakasema mtoto amekaa vibaya, lazima upasuaji, na siyo baadaye, sasa hivi. Iraneide aliposikia akashika chuma cha kitanda kwa mikono miwili.

"Siingii mpaka baba yangu aje."

Wakambembeleza. Wakamkaripia. Nesi mmoja akajaribu kumbandua vidole kimoja kimoja, akibandua hiki kile kinarudi.

"Kasema atakuwa mlangoni. Siingii."

Valdemiro akapigiwa simu, akatoka mbio kama alivyo, koti jeupe, kofia nyeupe, akili ya kubadili nguo ataipata wapi? Akashuka getini anahema.

Getini kulikuwa na mlinzi, mama mmoja mpana anaitwa Jandira. Jioni ya siku ile mjane aliponyang'anywa mtoto, Jandira alilia mpaka mumewe akamletea maji. Alipoinua macho akaona koti jeupe linakuja kwake, alisimama katikati ya geti akaweka mikono kiunoni.

"Unakwenda wapi?"

"Wodi ya wazazi, mama. Binti yangu anajifungua."

"Hata kwa yule mjane ulisema ni binti yako."

"Mama, ile ni tamthilia! Mimi naitwa Valdemiro. Kitambulisho hiki hapa."

Jandira akakitazama, akakirudisha kwa ncha za vidole. "Baltazar naye ana vitambulisho viwili. Tulimwona Jumatatu."

"Hili koti ni la kazini tu, mama yangu."

"Kazi yako tunaijua."

Watu wakaanza kujaa. "Mama Jandira, usimwachie!" Muuza matunda akaacha kapu lake akaja kusimama ubavuni mwa Jandira kuongeza nguvu. Valdemiro akajaribu kueleza, na kadiri alivyoeleza kwa upole ndivyo walivyozidi kukasirika, maana Baltazar naye ni mpole.

Mara dirisha la juu likafunguka, Bibi Odete akatoa kichwa.

"Baba Iraneide! Fanya haraka! Daktari anasema mtoto anachoka tumboni, na huyu bado kang'ang'ania kitanda!"

Jandira akatazama juu, akamtazama Valdemiro. "Na yule ndiye mshirika wako?"

Jamani, fikiria wewe ni baba, mwanao yuko juu pale, unasikia anachelewa kwa ajili yako, na kinachokuzuia ni kazi yako mwenyewe uliyoifanya vizuri kupita kiasi. Angeweza kupigana. Lakini watu walikuwa wengi, na angepigana angethibitisha.

Akageuka akavuka barabara. Upande wa pili alikaa mzee anayeuza magazeti, ana sweta limechakaa, kofia ya kufuma na miwani mizito.

"Mzee wangu, nikopeshe uzee wako kidogo."

"Uchukue wote, baba," akasema yule mzee, akavua sweta.

Walioona wanasema haikuchukua muda wa kumenya chungwa. Koti jeupe liliingia nyuma ya kibanda cha magazeti, akatoka babu. Mgongo umepinda, mguu mmoja unaburuzwa, mikono inatetemeka, mdomo unatafuna bila kitu. Akavuka barabara tena, gari zikamsubiri.

Jandira akamfungulia geti mwenyewe. "Karibu, babu. Polepole. Unakuja kumwona nani?"

"Mjukuu," akasema kwa sauti ya kukwaruza. Wala hakudanganya.

"Mungu awakuzie. Ila uwe macho huko ndani, kuna mwizi wa watoto anazungukazunguka hapa."

"Dunia imeharibika," akasema babu, akapita.

Ngazi sasa. Alitaka kuzipanda mbio, lakini watu wanapanda wanashuka, dada mmoja akamshika kiwiko kumsaidia, kwa hiyo ikabidi apande kama babu, anapumzika, anapanda, moyo ndani unakimbia peke yake.

Ili ufike chumba cha upasuaji ilikuwa lazima upite kwenye wodi ya waliokwisha kujifungua, vitanda huku na huku, na mlango ni ule wa mwisho kabisa. Kutoka chumba cha kungojea kilichokuwa nyuma ya mlango ule aliisikia sauti ya Iraneide, imekwishakuwa nyembamba. "Kasema atakuja! Baba yangu hajawahi kunidanganya!"

Alikuwa amefika katikati ya wodi. Na hapo katikati alilala binti mmoja anaitwa Rosilda, mdogo, mtoto wa kwanza, hana ndugu kando ya kitanda wala mtu wa kumwambia shika hivi. Mtoto wake alikuwa amepaliwa na maziwa.

Wenye watoto mnajua. Mtoto akilia hakuna neno. Huyu hakulia. Alikuwa amenyamaza kabisa, midomo inageuka rangi, na Rosilda amemshika mbele yake kama sahani, mdomo wazi, hana sauti, ile hofu inayokukaba mpaka unasahau jina la nesi. Manesi wote walikuwa kule mlango wa mwisho wanahangaika na Iraneide. Kina mama wengine kila mmoja anamtazama wa kwake.

Aliyeona ni babu peke yake.

Mbele yake mwanawe anamwita. Pembeni yake mtoto wa mtu asiyemjua anaishiwa pumzi. Na akajua hili pia, kwamba kwa mikono ile inayotetemeka ya babu hakuna mtoto atakayeokoka, na akiiacha mikono ile, kila mtu humu ndani atamwona ni nani, watamtupa nje, na Iraneide hatamwona mlangoni.

Basi babu akafa pale pale. Mgongo ukanyooka, miwani ikadondoka, kofia ikaanguka, akafika kwa hatua ndefu, akamtwaa mtoto kutoka kwa Rosilda, akamlaza kifudifudi juu ya mkono wake, kichwa chini kidogo, akaanza kumpiga mgongoni kwa kiganja, kati ya mabega, kwa nguvu ya kutosha na siyo zaidi.

Mama wa kitanda cha jirani akainua macho.

"Baltazar! Jamani, Baltazar kamshika mtoto!"

Wodi ikalipuka. Huyu kapanda juu ya kitanda na mshono wake, yule kamficha mwanawe chini ya blanketi, ndala zikaruka, moja ikampata Valdemiro sikioni. Jandira alisikia kutoka getini akapanda zile ngazi kama hana uzito, akaingia, akamkamata ukosi kwa nyuma.

"Nilijua! Nilijua mimi!"

Valdemiro hakugeuka. "Mama, utanivuta baadaye," akasema, akaendelea kupiga.

Jandira akavuta. Yeye akapiga. Jandira akavuta, sweta la mzee wa magazeti likachanika begani.

Na mtoto akacheua maziwa, akavuta pumzi, akalia.

Kilio kile kiliisimamisha wodi nzima. Ndala iliyokuwa imeinuliwa ikabaki imeinuliwa. Kina mama wanajua vilio, hakuna haja ya daktari kuwaambia kile kilikuwa kilio cha namna gani.

Valdemiro akamfuta mtoto mdomo kwa kifua cha sweta, akamrudisha mikononi mwa Rosilda, akamwinulia kichwa. "Mshike hivi, mama mdogo. Akishanyonya, begani kwanza, mpaka acheue. Usiwe na haraka ya kumlaza." Kisha akainua mikono juu. "Haya, mama mlinzi. Sasa nivute."

Jandira akamvuta. Hatua ya kwanza, ya pili, na kila hatua inamrudisha kule kwenye ngazi, mbali na ule mlango wa mwisho. Hakubisha, machozi tu yalikuwa yanamtoka.

Hapo ndipo Rosilda, aliyekuwa hana sauti wakati mwanawe anakufa, akaipata.

"Mwacheni!"

Wote wakamgeukia.

"Baltazar anachukua," akasema. "Huyu amenirudishia."

Mkono wa Jandira ukalegea. Akautazama ukosi alioushika. Akaunyoosha kwa kiganja, taratibu, kama mama anayempeleka mtoto shule.

"Mwanao yuko mlango ule wa mwisho," akasema. "Kimbia basi! Unangoja nini?" Na kabla hajakimbia, Jandira mwenyewe akatangulia mbele, anasukuma meza za dawa pembeni. "Pisheni! Mpisheni Baltazar, mwanawe anazaa!"

Iraneide alikuwa bado kashika chuma, vidole vimekuwa vyeupe. Akamwona baba yake anaingia na sweta lililochanika, maziwa kifuani, sikio jekundu.

"Baba, umechelewa."

"Nilizuiwa, mwanangu. Na bwana mmoja anaitwa Baltazar."

"Yule mshenzi," akasema Iraneide, akaachia kitanda.

Wakamwingiza chumba cha upasuaji. Valdemiro akasimama mlangoni kama alivyosema, na Jandira akasimama naye.

"Mama, geti umemwachia nani?"

"Muuza matunda."

Wakangoja. Niliwaambia tangu mwanzo inaisha vizuri: alitoka Iraneide mzima, na mtoto wa kike mzima, ana sauti ya kuamsha mtaa.

Habari zikaenea, mnajua watu. Foleni ya mkate ikaanza kumsifu. Mwandishi wa tamthilia akampigia simu Valdemiro, furaha tupu. "Sasa wanakupenda! Nimwandike Baltazar atubu? Nimfanye mtu mwema, umalize tamthilia unashangiliwa."

Hii wengi tungeikubali. Yeye akafikiri kidogo.

"Usifanye hivyo. Yule mjane bado hajampata mtoto wake. Nikianza kupendwa mimi, nani tena atamlilia yeye? Mwache Baltazar awe mbaya mpaka mwisho."

"Watu watakuchukia tena."

"Wale wa wodini hapana," akasema Valdemiro.

Na kweli. Jioni moja kabla Iraneide hajaruhusiwa kutoka, kina mama walikuwa wamekusanyika mbele ya runinga ya wodi, na Jandira katoka zamu lakini hajaenda kwake. Baltazar akatokea na kofia yake nyeupe, anacheka kwa ule upole wake.

"Nyang'au mkubwa!"

"Mwone macho yake! Laana imjie!"

"Mimi ningempata hapa!" akasema Jandira.

Na Valdemiro alikuwa amekaa katikati yao, kwenye kiti kizuri kuliko vyote, wamempa kahawa, mjukuu wake kalala mkono wa kushoto. Rosilda akasogea na mwanawe, akamlaza kwenye ule mkono wa kulia uliokuwa wazi.

"Babu, nishikie kidogo," akasema, macho hayatoki kwenye runinga. "Nataka nimtukane huyu kwa mikono miwili."

Funzo: Usimjue mtu kwa vazi la kazi yake wala kwa yanayosemwa getini, mjue siku ana haraka na shida yake mwenyewe, na bado akasimama kwa ajili ya mtoto wa mwingine.